Namna ya kuanza na Mihály Víg bila kulala katikati ya muvi

Wengi wakisikia habari za Mihály Víg, jamaa wa Budapest, Hungaria, anayetunga muziki wa muvi, wanakimbilia moja kwa moja Sátántangó, muvi ya 1994 yenye masaa saba na kitu, wanakuta dakika nane za kwanza ni ng'ombe tu wanatoka zizini, wanazima, basi, hawarudi tena. Usianze huko.

Anza na masikio. Víg kazaliwa 1957, na kabla ya mambo ya muvi alikuwa mtu wa bendi, Balaton na Trabant, halafu akawa anamtungia muziki Béla Tarr, dairekta wa hiyo Sátántangó na muvi zote ninazozitaja hapa, kuanzia Őszi almanach ya 1984 mpaka A torinói ló ya 2011. Ukimsaka andika pia Víg Mihály, maana Wahungaria wanatanguliza jina la ukoo.

Tafuta piano ya muvi ya Werckmeister harmóniák (2000), isikilize usiku taa zimezimwa, mara tatu nne hivi. Utaona haiendi popote, inazunguka pale pale kama mtu anayewaza deni. Sasa kitu ambacho wengi hawajui, Tarr alitaka muziki uwe tayari kabla ya kushuti, kwa hiyo ule mwendo wa kamera unaoulalamikia umefuata wimbo. Ukishaujua wimbo, uvivu wa muvi unapungua sana, niamini.

Ndo sasa uicheki yenyewe. Ni shoti 39 tu kwa masaa kama mawili na nusu, na ya kwanza inatosha kukunasa: baa inafungwa, kijana anawapanga walevi, wewe jua, wewe dunia, wewe mwezi, anawazungusha mpaka jua linapatwa, halafu piano inaingia taratibu. Mimi hapo huwa sipumui vizuri.

Kárhozat (1988) iweke ya pili, ina mama anaimba kwenye baa inayoitwa Titanik, mvua nje haikati. Ile ya farasi, A torinói ló, ni upepo na viazi vya kuchemsha, iache kwanza.

Sátántangó iwe ya mwisho, uikate vipande vitatu na msosi katikati. Hapa Víg mwenyewe anaigiza, ndo Irimiás, yule ambaye kijiji kilijua keshakufa, anarudi, anawahutubia watu wakiwa na msiba, na wakimaliza kumsikiliza wanamkabidhi hela zao zote. Kaa umwangalie usoni pale, katulia kabisa, na ujiulize kama wewe ungebaki na zako. Onyo: kuna sehemu ya mtoto na paka, ngumu kuangalia, wenye roho nyepesi warushe mbele.

Ila ile ya kucheza baa usiirushe hata kidogo, kinanda cha mkono kinarudia kile kile, walevi wanajikokota, na ukifika dakika ya tano hivi na wewe mguu umeshaanza.