Kianzio cha nyumba Marekani: msaada wa jimbo, zawadi ya ndugu na hela ya upatu

Kwa mkopo wa FHA (mkopo wa nyumba wenye bima ya serikali kuu ya Marekani), mwenye alama za mikopo (credit score) 580 na kuendelea hutoa kianzio, yaani malipo ya mwanzo, cha asilimia 3.5 ya bei. Nyumba ya dola 250,000 inataka dola 8,750. Wengi hukusanya hizo tu, halafu wanakwama mwishoni, maana gharama za kukamilisha mauziano (ada za mkopo, upekuzi wa hati, bima, kodi) huongeza kama asilimia 2 hadi 5 ya bei. Tafuta msaada wa vyote viwili. Na angalia makaratasi ya uhamiaji mapema: tangu Mei 2025, FHA haimpokei tena mwenye kibali cha kazi tu.

Anzia tovuti ya shirika la nyumba la jimbo lako, siyo benki. Pale kuna orodha ya wakopeshaji walioidhinishwa. Benki isiyokuwemo haina sababu ya kukutajia msaada huo. Mara nyingi utaulizwa kipato cha kaya, kama hujamiliki nyumba ya kuishi kwa miaka mitatu iliyopita, na cheti cha darasa la wanunuzi kutoka kwa mshauri anayetambuliwa na HUD, wizara ya nyumba ya Marekani. Lipitie darasa kabla hujatoa ofa.

Kisha uliza swali moja bila aibu: hela hii inarudishwa lini? Kuna inayofutwa baada ya miaka kadhaa, na kuna inayodaiwa siku ukiuza. Ohio, kwa mfano, imekuwa ikitoa asilimia 2.5 au 5 ya bei, na deni linafutika baada ya miaka saba. Ukiuza au kubadilisha mkopo kabla ya hapo, unalipa. Linganisha riba pia, kwani ukichukua msaada mara nyingi hupanda kidogo kwa miaka yote 30.

Zawadi ya ndugu inakubalika, ila iandikiwe barua: jina, anwani na simu ya mtoaji, uhusiano wenu, kiasi, tarehe, na tamko kwamba hairudishwi. Ambatanisha taarifa ya benki ya mtoaji inayoonyesha hela ikitoka. Shangazi akikupa noti alizokuwa akiziweka kabatini, FHA inazikataa. Muuzaji na dalali hawaruhusiwi kuwa watoaji.

Upatu (likelemba kwa Wakongo) ndio huwaponza wengi. Mkaguzi wa mkopeshaji akifungua taarifa zako za benki za miezi miwili na kukuta Zelle (hela zinazotumwa kwa simu toka benki hadi benki) kumi za dola 1,000 ndani ya siku mbili, anasimamisha faili. Usimwambie ni zawadi; huo ni uongo, na barua kumi hazitalingana. FHA inatambua vikundi vya kuweka akiba, mradi uthibitishe: daftari la kijumbe linaloonyesha umeanza lini na umechanga kiasi gani, risiti, na barua ya mweka hazina yenye namna ya kuwasiliana na kikundi. Kikundi kisicho na daftari kianze kuandika sasa.

Angalia na zamu yako. Ukipokea mapema huku bado unadaiwa michango, dola 1,000 za kila mwezi zinahesabiwa kama deni, na kiasi unachoweza kukopa kinashuka. Omba zamu ya mwisho.