Somo: Kutunga wito wa mizani saba katika ulimwengu wa kubuni

Wengi mnaoandika hadithi za kubuni mnapenda ngoma yenye nguvu. Mchawi anapiga, mlima unapasuka. Ukiuliza alipiga nini hasa, unaambiwa "mdundo wa ajabu", na msomaji hasikii kitu. Leo nawaonyesha nilivyoutunga wito wa Mawimbini, visiwa nilivyovibuni mwenyewe, ili nanyi mtunge wenu.

Hatua ya kwanza: jua lugha yako inabebaje sauti

Hapa ndipo wengi huteleza. Walokele wa kando ya Mto Kongo, karibu na Kisangani, walipelekeana habari kwa ngoma ya gogo yenye sauti mbili, nene na nyembamba. Iliwezekana kwa sababu lugha yao ina toni: maneno yana kupanda na kushuka kwake, na ngoma inaiga. Kwa kuwa maneno mengi hufanana toni, mpigaji hakutuma neno moja tu, alituma fungu zima ili lisichanganywe na jingine. Mmishonari John Carrington, aliyeishi kwao, aliyaeleza haya katika kitabu chake cha 1949.

Sasa, Kiswahili hakina toni za namna hiyo. Shujaa wako anayezungumza Kiswahili akipiga gogo la Kilokele, hata salamu haitafika. Chetu sisi ni mizani, yaani hesabu ya silabi, na vina. Mtoto aliyezoea kusikia utenzi hajafundishwa kanuni yoyote, lakini kipande cha mizani nane kikipungua moja, anageuza shingo. Mimi nimejenga uchawi wote juu ya shingo hiyo.

Hatua ya pili: acha pengo

Wito wa Mawimbini una mizani saba. Ya nane haitamkwi.

Ukungu fungua nji—

Hesabu: u-ku-ngu-fu-ngu-a-nji. Mpiga wito ananyamaza. Kimya jii. Ukungu wenyewe ukimalizia "a", njia imefunguka na jahazi litapita. Ukungu usipojibu, kunja tanga urudi nyumbani.

Maji inueni cho—

Huu ni wa kuibua chombo kilichozama, na huitwa na kijiji kizima.

Lala wangu mwana la—

Huu ndio niupendao kuliko yote. Mtoto anajibu "la" akiwa tayari usingizini. Akina mama wa Mawimbini hata hawauiti uchawi, kwao ni kulea tu.

Nilikuwa na wito wa kuua pia. Nikaufuta, maana kila ugomvi ulikuwa unaisha ukurasa huohuo.

Hatua ya tatu: wito uwe na kazi yake, mwenyewe wake na gharama yake

Buganda kuna mdundo wa *Sagala agalamidde*, yaani "sitaki aliyejilaza". Ukilia, watu wanatoka kwenda kazi ya pamoja. Wa kutangaza hatari ni mwingine, *Gwanga mujje*. Mdundo mmoja, kazi moja. Na siwa, yaani baragumu kubwa la sherehe, ile ya shaba ya Lamu na ile ya pembe ya Pate, haikupulizwa na kila mpita njia. Ilikuwa ya wakubwa, kwenye arusi na mambo yao mazito. Kwa hiyo amua nani ana ruhusa, na nani atauiba.

Gharama ya kwangu ni hii: ukijibu mizani ya nane mwenyewe, kilichoitwa kinaingia kwako. Bibi mmoja alikosa subira, akamalizia "a". Macho yake yakafunga ukungu mpaka leo.

Hatua ya nne: kuandika

Usijaze mistari mitatu ya "du du du". Andika wito mara moja tu, kisha onyesha mbwa aliyeacha kubweka.

Maswali ya wanachama

Swali: Shikamoo mwalimu. Nimetunga "Mto kauka sasa hi—". Mbona haukai sawa?

Jibu: Marahaba. Umehesabu "mto" kuwa mizani moja, kumbe ni mbili, m-to. Hapo una nane kabla hata mto haujajibu. Ondoa "hi", uishie "Mto kauka sasa": saba kamili. Ila sasa neno limekwisha, halina pengo la kujazwa. Jaribu "Mto kauka hara—".

Swali: Mkuu, hii si kuwafundisha watu ushirikina?

Jibu: Ni hadithi, ndugu yangu. Lakini nina mpaka wangu: sichukui aya, dhikri wala maneno ya waganga wa kweli nikayafanya mapambo. Buni yako.

Swali: Watu wangu wana lugha niliyoibuni mwenyewe, nayo ina toni. Nifuate mizani?

Jibu: Hapana, wewe nenda na njia ya Walokele. Wape sauti mbili na mafungu marefu ya maneno. Na adui wao awe mgeni asiyeweza kutofautisha toni.

Swali: Asiyeweza kusema anaitaje?

Jibu: Anapiga makofi saba. Kwa kweli hao ndio mabingwa, kwa sababu ulimi hauwezi kuwaponyoka ukajibu.

Swali: Na je, pengo likijazwa na kitu ambacho hakikuitwa?

Jibu: Hadithi yangu inaanzia hapo. Nahodha aliuita ukungu alfajiri, akajibiwa "a" kwa sauti ya mkewe, aliyezama mwaka uliotangulia. Njia ilifunguka vilevile. Nimekwama kwenye sura ya pili, kwa sababu bado sijajua kama aligeuza usukani.