Odisheni ya filamu ya ng'ambo, ukiwa Lamu

Msichana akiniambia anataka kwenda kuigiza ng'ambo, simuulizi habari za pasi. Namuuliza: video yako iko wapi? Siku hizi wanaochagua waigizaji London au Los Angeles hukutumia kurasa mbili tatu za mistari, nawe ukajirekodi hapo ulipo na kuwarudishia. Safari huja baadaye, ikiwa itakuja. Mimi ni fundi cherehani wa mtaa wa Mkomani hapa Lamu, na kwa kuwa chumba changu cha ndani kimetulia, wasichana huja kurekodia kwangu nami huwasomea mistari ya mhusika wa pili.

Nyumba zetu za mawe zina kuta nene. Punda akilia kichochoroni, ndani husikii sana. Tabu ni chokaa, inarudisha mwangwi. Tandika zulia, angika blanketi kwenye ukuta unaotazamana na mdomo wako, na godoro lisimamishe pembeni ambapo halitaonekana. Simu iweke kwenye kidaka kilicho sawa na macho yako, kwani mkono wa ndugu yako utatikisika tu, hata akiapa. Ilale kwa ubavu, ikuchukue kuanzia kifuani hadi juu kidogo ya kichwa. Nyuma yako pawe patupu: kalenda na picha ya harusi viondoke.

Rekodi baina ya adhuhuri na alasiri, mtaa umejilaza. Jua la utosini lisikuguse. Simama ndani, uso umeelekea kiwandani, yaani ua wa ndani ya nyumba, mwanga unaorudi kutoka kuta nyeupe unatosha. Taa ya dari izime, hutia vivuli chini ya macho. Vaa rangi moja isiyong'aa. Leso ya maua humvuta mtazamaji asikuangalie wewe (inaniuma kusema hivyo), na buibui jeusi kwenye simu huwa doa tu, basi chagua mtandio wa rangi.

Msomaji asimame ubavuni mwa simu, asome kwa sauti ya chini, asiigize. Shangazi anayetaka naye asikike Hollywood humharibia mtoto kazi. Wewe mtazame msomaji, usitazame kamera, isipokuwa pale unapotaja jina, urefu na mahali unapoishi. Tuma rekodi mbili zilizo tofauti kweli, si kumi zinazofanana.

Saa ndizo huwapiga wengi chenga. Wakikwambia mwisho ni saa kumi na moja jioni ya New York, kwetu ni saa sita usiku, na majira yao ya baridi ni saa saba. Tuma mchana, mtandao usije ukakuangusha dakika za mwisho. Faili lipe jina lako na la mhusika.

Wakikutaka, hapo ndipo utulie. Mwigizaji Hedy Lamarr, aliyeikimbia Austria, aliukataa mkataba wa kwanza wa MGM, studio ya filamu ya Hollywood, mwaka 1937 mjini London. Akapanda meli ileile ya bwana mkubwa wa studio, Normandie, na kabla ya kufika Marekani akapata mkataba wenye malipo bora. Hata hivyo, studio ilimpa mara nyingi nafasi za mrembo wa kigeni, kwa hiyo mkatabani usisome pesa peke yake. Soma umefungwa miaka mingapi na nani ana haki ya kukukatalia kazi nyingine.

Wakala wa kweli Marekani huchukua asilimia 10 ya malipo yako ukishalipwa. Anayedai ada ya usajili kabla ya kazi, au anayetaka kushika pasi yako, mfungie mlango. Visa ya wasanii, O-1, huwezi kujiombea mwenyewe. Ombi hupelekwa na mwajiri au wakala aliye kule. Basi mtu akikwambia lipa, yeye atakutolea O-1 bila kazi yoyote, anakudanganya.

Na ikiwa kampuni ya kigeni imekuja kupiga filamu hapa Kenya, omba hata kazi ya kubeba vitu. Lupita Nyong'o alifanya kazi nyuma ya kamera kwenye The Constant Gardener iliyopigwa nchini, kisha akasomea uigizaji Chuo Kikuu cha Yale, Marekani, na Oscar ikaja 2014. Ukiwa pale, angalia mwigizaji anavyosimama kwenye alama yake bila kuitazama chini. Mazoezi hayo unaweza kuyafanya nyumbani kwa kipande cha utepe sakafuni.