Jinsi ya kuwa mtayarishaji wa filamu za kutisha mwenye mtaji mdogo

Kabla ya kumwita mwandishi, orodhesha ulivyonavyo tayari: nyumba unayoweza kuitumia usiku bila kulipia, waigizaji wawili au watatu walio radhi kukesha, na kamera unayoweza kuazima. Mwombe mwandishi atunge hadithi itakayoenea ndani ya orodha hiyo, kwa sababu kila lokesheni inayoongezeka huja na nauli, chakula na siku nyingine ya kazi. Mwongozaji Oren Peli alipiga picha za filamu ya Paranormal Activity nyumbani kwake San Diego kwa siku 7, kwa dola 15,000 hivi, na hofu kubwa ya filamu hiyo inatokana na kamera iliyotulia chumbani huku watu wamelala.

Wenye fedha hawanunui maelezo matupu. Mwaka 1978 mtayarishaji Robert Tapert na wenzake Sam Raimi na Bruce Campbell walitengeneza kwanza filamu ya nusu saa hivi, wakaitembeza kwa watu wa eneo la Detroit, na ndivyo walivyochangisha fedha za filamu yao ndefu, The Evil Dead. Nawe tengeneza tukio moja lililokamilika, ulionyeshe gizani.

Katika matumizi, usibane sauti. Mtazamaji huvumilia picha hafifu, lakini mazungumzo yasiyosikika humtoa kabisa katika hofu. Mlipe fundi wa sauti, naye arekodi pia ukimya wa kila chumba kwa nusu dakika, kwani mhariri atauhitaji.

Jambo linalowaangusha wengi, nami naliona zito kuliko yote, ni hati. Night of the Living Dead ya mwaka 1968 ilianza ikiwa na jina lingine. Msambazaji alipolibadilisha, tangazo la hakimiliki lililokuwa pamoja na jina la awali likaondoka nalo, na kwa kuwa sheria ya Marekani ya wakati huo ilidai tangazo hilo, filamu ikawa mali ya umma. Watu wengine waliiuza kwa miaka mingi bila kuwalipa walioitengeneza. Kwa hiyo, kabla ya siku ya kwanza ya kupiga picha, hakikisha mwandishi, waigizaji, mtunzi wa muziki na mwenye nyumba wametia saini mikataba inayoeleza haki unazozipata. Ukiwa Tanzania, fuatilia kibali cha Bodi ya Filamu na usajili wa kazi yako COSOTA, yaani ofisi ya hakimiliki.

Msambazaji mpe haki kwa miaka na nchi zilizotajwa, huku nakala kuu ikibaki kwako, maana filamu unayoimiliki ndiyo itakayokusaidia kulipia inayofuata. Atakapokuletea nakala ya kuuza, itazame tangu jina la mwanzo hadi mstari wa mwisho kabla ya kuiidhinisha.