Namna ya kusimulia maisha ya Ben Kiwanuka vijana wasisinzie
Usianze na "alizaliwa 1922", hapo umeshawapoteza, anza na mwisho: tarehe 21 Septemba 1972, Kampala, wanajeshi wanaingia Mahakama Kuu wanamchukua Jaji Mkuu wa Uganda mwenyewe, Kiwanuka, na hakurudi tena. Siku chache kabla alikuwa ameamuru Mwingereza mmoja aliyeshikwa na jeshi aachiliwe. Sasa kijana atauliza, huyu mzee ni nani?

Ndo urudi nyuma. Vita vya pili vya dunia alikuwa jeshini, halafu akasomea sheria London, 1958 akashika uongozi wa chama cha DP (Democratic Party). Uchaguzi wa 1961 usiupite mbio, hapo ndo pana utamu, watu wengi wa ufalme wa Buganda waligoma kupiga kura, DP ikapata viti vingi ingawa chama pinzani, UPC, kilikuwa na kura nyingi zaidi. Machi 1962 akawa waziri mkuu wa kwanza, Aprili akashindwa, kwa hiyo uhuru wa Oktoba aliupokea Milton Obote wa UPC.

Jela ya 1969 itaje tu. Ila wakumbushe Idi Amin aliyemfungulia 1971, ambaye wanajeshi wake ndo walimchukua mahakamani, ndo huyohuyo aliyempa ujaji mkuu. Halafu nyamaza kidogo, maswali yatakuja.