Namna ya Kuwatafuta Nondo wa Nyanda za Juu za Rondo na Kuweka Kumbukumbu Zao

Nyanda za juu za Rondo, mkoani Lindi, huinuka hadi kukaribia mita 900 kutoka usawa wa bahari, na msitu uliosalia huko juu hupata ukungu na unyevu ambao mashamba ya mikorosho ya tambarare hayaupati. Wanasayansi wengi wanaujua msitu huo kwa sababu ya komba wa Rondo. Nondo wake, yaani wale jamaa wa kipepeo warukao usiku, hutajwa kwa nadra. Aina ya nondo isiyojulikana sana haiwezi kujulikana kwa kupigwa picha peke yake. Hujulikana pale mtu anapoandika ilionekana wapi, lini, kwenye mwinuko gani, na kiwavi wake alikuwa akila mti gani. Kazi hiyo inawezwa na mkazi yeyote wa Rondo, au wa Newala kwenye uwanda wa Makonde, mwenye shuka, taa na daftari.

Ukitaka kuingia ndani ya hifadhi, omba kwanza ruhusa ya Wakala wa Huduma za Misitu (TFS), na ukikusudia kukusanya wadudu kwa ajili ya utafiti, fuata utaratibu wa vibali wa Tume ya Sayansi na Teknolojia (COSTECH). Shambani kwako, kando ya msitu, mtaarifu mwenyekiti wa kijiji, kwa kuwa taa inayowaka porini hadi usiku wa manane huzua maswali.

Wakati mzuri ni mwanzo wa mvua, kuanzia Desemba, miti inapochipua majani mateketeke ambayo viwavi huyapenda. Chagua usiku usio na mbalamwezi, wenye mawingu, joto na hewa iliyotulia. Mwezi mpevu hupunguza sana idadi ya nondo wanaofika kwenye taa.

Tungika shuka jeupe la pamba kati ya miti miwili na uache upindo wake ulale chini, ili wanaoanguka wasipotelee majanini. Mbele yake weka taa. Taa ya zebaki, au ile itoayo mionzi ya urujuanimno (UV), isiyoonekana kwa macho yetu, huvuta nondo wengi zaidi kuliko balbu za kawaida za LED, ambazo karibu hazitoi mionzi hiyo. Lakini kama huna nyingine, tumia uliyo nayo. Usiitazame taa ya urujuanimno moja kwa moja, kwani huumiza macho. Kwa wale wasiovutwa na mwanga, ponda mabibo au ndizi zilizoiva kupita kiasi, ziache zichachuke, kisha zipake kwenye magome ya miti kabla giza halijaingia.

Nondo akitua, usimshike, kwa sababu magamba ya mabawa yake, yanayoonekana kama vumbi vidoleni, ndiyo yenye rangi na alama za kumtambulisha. Nondo mnene hutetemesha mabawa kwa muda kabla ya kuruka, ili kupasha joto misuli yake, na kwenye baridi ya nyanda za juu hukawia zaidi. Muda huo ni wako. Weka rula pembeni yake, mpige picha kutoka juu, kisha kutoka ubavuni, na umsubiri afunue mabawa ya nyuma, maana aina mbili zinazofanana mbele huweza kutofautiana huko. Vipige picha pia vipapasio vya kichwani: madume wa jamii nyingi huwa na vipapasio vyenye matawi kama unyoya, ambavyo hunusa harufu ya jike kutoka mbali.

Andika papo hapo tarehe, saa, mahali, mwinuko, hali ya hewa na aina ya taa. Kesho yake utakuwa umeshachanganya. Zima taa kabla hakujapambazuka na uwakung'ute nondo vichakani taratibu, kwani ndege huzoea haraka kuja kuwadonoa shukani.

Sehemu yenye thamani kubwa zaidi, kwa maoni yangu, ni kulea viwavi. Ukimkuta kiwavi juu ya mti, mchukue pamoja na tawi lake, bila kumgusa kwa mkono mtupu kwa kuwa wengi wenye manyoya huwasha, na uandike jina la mti huo kama linavyotamkwa kijijini. Mpe majani ya mti huohuo kila siku, yasiyopuliziwa dawa. Hadhari hii ni kubwa karibu na mikorosho. Weka udongo laini wenye unyevu kidogo chini ya chombo, kwa sababu baadhi yao hujichimbia ardhini wanapogeuka kuwa bundo, yaani hatua ya kutulia kati ya kiwavi na nondo, na simamisha kijiti kikavu ndani yake. Nondo anapotoka hulazimika kupanda na kuning'inia ili mabawa yakunjuke; akikosa pa kushika, mabawa hukauka yakiwa yamekunjamana, na alama ulizozisubiri hazitasomeka.