Sharbati ya matunda ya shughuli: lita 12 kwa watu 30

Kila mgeni mhesabie gilasi mbili za mililita 200. Watoto watarudi mara ya tatu, kwa hiyo usipunguze. Kwa watu 30 nunua mananasi makubwa 3, machungwa 30, pasheni 40, ndimu 10, sukari kilo 1 na soda ya tangawizi lita 2. Ukienda soko la Darajani au Mwanakwerekwe, hapa Unguja, chungwa usilichague kwa rangi maana letu hubaki kijani hata likiiva. Lipime mkononi, zito ndilo lenye maji. Pasheni lililokunjamana ganda ni tamu kuliko linalong'aa.

Shira ipikwe usiku wa kuamkia shughuli. Chemsha maji lita 1 na sukari yote, hiliki 10 zilizopondwa, kijiti cha mdalasini na karafuu 6. Sita tu, hata kama jamaa wa Pemba wamekuletea mfuko mzima: zikizidi, ulimi hufa ganzi na tunda halisikiki tena. Sukari ikishayeyuka epua, funika, ikipoa chuja. Usiruke hatua hii. Sukari kavu ndani ya juisi baridi huzama chini, gilasi za mwanzo zikawa chapwa na za mwisho zikakifu.

Usiku huohuo saga mananasi na maji lita 1, ukamue kwa kitambaa cha melimeli. Lita 1 ya juisi hiyo igandishe kwenye bakuli. Donge kubwa huyeyuka polepole, na likiyeyuka halizimui kitu.

Pasheni ndilo linaloharibu sharbati nyingi. Kwenye blenda mbegu husagika, zikaacha vidoa vyeusi na uchungu. Toa ute kwa kijiko, tia maji kidogo, usugue juu ya chujio kwa mgongo wa upawa. Machungwa na ndimu yakamuliwe siku yenyewe, bila kuminya sana ganda, kwani juisi ya chungwa ikilala nayo huwa chungu.

Changanyia juisi zote kwenye ndoo safi ya plastiki au chombo cha kioo. Sufuria ya alumini iache, ukali wa ndimu huila na sharbati ikapata ladha ya chuma. Ongeza maji ya kunywa lita 2 yaliyopoa, kisha robo tatu ya ile shira. Onja ikishakuwa baridi, maana baridi hupunguza utamu, ndipo uamue kuhusu iliyobaki. Maziwa usitie kabisa: nanasi lisilopikwa huyakata na kuyafanya machungu.

Soda imiminwe wageni wakishakaa, taratibu kwenye ukingo wa chombo, ukoroge mara moja tu, gesi isitoke. Kisha tumbukiza donge. Ikibaki, iingie friji usiku huohuo na inywewe kesho yake, na ndimu moja ya kuichangamsha.